Masika Mbagala: Uzuri juu ya Lami, Haki ndani ya Mtaro

Wanaoishi mbali na Mbagala huitaja kwa msongamano wake, na ikifika miezi ya Machi, Aprili na Mei huitaja kwa tope lake. Hatuna ugomvi nao. Sisi tunaoishi huku, tunaoivuka Barabara ya Kilwa kwenda kuswali, kununua unga na kupeleka watoto madrasa, tunalifahamu tope hilo kuliko wanaolisimulia. Lakini lipo jambo ambalo masimulizi hayo huliacha. Mvua inaponyesha juu ya barabara hii, hasa baina ya Magharibi na Isha, hudhihiri uzuri wa aina ya peke yake. Si uzuri wa ua wala wa bahari, kwa kuwa hauna umbo la kitu kinachoweza kutajwa kwa jina. Ni mistari ya nuru, ni duara zinazozaliwa na kufa, ni rangi zisizo na mwenyewe, ni sauti isiyo na maneno.

Tumekusudia katika makala haya kumtembeza msomaji katika uzuri huo. Tumekusudia pia kumwekea mbele yake swali lililozuka katika kikao cha kamati ya msikiti wetu, ambalo kulijibu hakukuwa kwepesi: je, inafaa kuwafundisha watoto kuutazama uzuri wa mvua, hali jirani wa msikiti anachota maji ya mvua hiyohiyo kutoka ndani ya chumba chake?

Baina ya mito miwili

Mbagala imelala baina ya mito miwili. Upande wa mjini kuna Kizinga, ambao barabara huuvuka pale Mtoni. Upande wa kusini kuna Mzinga, ambao huvukwa Kongowe. Yote miwili humwaga maji yake katika mkono wa bahari ulio nyuma ya bandari ya Dar es Salaam. Ardhi iliyo katikati yake ni ya mchanga, yenye kuinuka na kushuka, na juu yake ndiko ziliko Kizuiani, Zakhem, Rangi Tatu, Charambe na mitaa mingine mingi iliyojengeka kwa haraka kuliko mitaro yake. Mvua inyeshapo, uchochoro ambao jana ulikuwa njia ya watu hukumbuka kwamba zamani ulikuwa njia ya maji.

Barabara yenyewe ina heshima yake. Anayeondoka mjini humpitisha Kurasini na Mtoni, humfikisha Rangi Tatu, kisha Vikindu, Mkuranga na Kibiti, humvusha Mto Rufiji juu ya Daraja la Mkapa lililofunguliwa mwaka 2003, na mwisho humfikisha katika nchi ya Kilwa, ambayo ndiyo iliyoipa jina. Na anayeelekea mjini ana jambo lake la kutafakari. Makka iko karibu kaskazini kabisa ya Dar es Salaam, nayo barabara kutoka Rangi Tatu kwenda mjini huelekea kaskazini. Abiria aliyebanwa mlangoni mwa daladala alfajiri, mvua ikimpiga begani, kwa sehemu kubwa ya safari yake ameelekea Kibla.

Huko Kilwa alifika msafiri Ibn Battuta mwaka 1331. Aliusifu mji kwa uzuri wake na watu wake kwa dini yao, na hakuacha kutaja kwamba mvua zake ni nyingi. Sultani wa zama hizo alikuwa Hasan bin Sulaiman, ambaye jumba lake la Husuni Kubwa lilikuwa na birika la pembe nane. Magofu ya Kilwa Kisiwani, pamoja na Msikiti Mkuu wenye kuba, yaliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 1981. Watu wa pwani hii, basi, wameishi na mvua nyingi na wameujua uzuri wa maji tangu karne nyingi. Aliyesimama kituoni Rangi Tatu akiwa amelowa hayuko nje ya historia hiyo; yuko kwenye barabara yake.

Lami inapogeuka kioo

Tuanze na lami. Lami kavu imejaa vijishimo na vijiwe vidogo, na nuru ikiigonga hutawanyika kila upande. Ndiyo maana mchana wa jua huonekana ya kijivu na isiyo na uhai. Maji yakivijaza vijishimo hivyo, uso wake hulainika. Sehemu ya nuru huzama isirudi, lami ikawa nyeusi zaidi. Sehemu nyingine hurudi kwa pamoja kama irudivyo katika kioo. Kioo hiki, hata hivyo, hakitulii, maana kila tone hukitikisa. Taa nyekundu ya nyuma ya gari, badala ya kuonekana nukta moja, hurefuka ikawa kama uzi wa hariri unaoshuka hadi miguuni pa mtazamaji. Taa ya kijani ya duka la dawa hurefuka vilevile, na balbu ya manjano ya muuza mihogo nayo haibaki nyuma. Nyuzi hizo husogeleana, hukatana, hupotea gari likipita, kisha hurudi.

Katikati ya barabara zipo njia za mabasi ya mwendokasi, zilizojengwa kwa zege. Zege ikilowa haing'ai kama lami; hutoa mng'ao hafifu wa fedha ya kale. Basi mtu akisimama kando wakati wa mvua huona nyeusi inayong'aa, kisha nyeupe iliyofifia, kisha nyeusi tena. Jina la Rangi Tatu lina wenyewe wa kulieleza. Sisi tunasema tu kwamba usiku wa mvua rangi zake huzidi tatu.

Tazama vizuri, ewe msomaji, utaona kwamba katika yote hayo hamna picha ya kitu. Gari limeacha kuwa gari, duka limeacha kuwa duka. Kilichobaki ni rangi na mwendo wake. Jicho la Muislamu halipaswi kuuona uzuri wa namna hii kuwa mgeni. Mafundi wa misikiti walijiepusha na picha za viumbe wenye roho, wakautafuta uzuri katika mstari, pembe, duara na mwandiko. Imamu Ghazali, katika kitabu cha mahaba ndani ya Ihyaa, alieleza kwamba uzuri wa kila kitu ni kupatikana ndani yake ukamilifu unaokifaa: uzuri wa farasi si uzuri wa mwandiko, wala uzuri si umbo na rangi peke yake. Kwa kipimo hicho, lami iliyolowa nayo ina ukamilifu wake, na mtu hahitaji kusafiri kwenda mbali ili aujue.

Duara katika dimbwi

Pembezoni mwa barabara, mahali bajaji zinapoegeshwa, hujikusanya madimbwi. Tone likianguka dimbwini huzaa duara, na duara hupanuka. Tone la pili huzaa yake, na duara mbili hukutana. Hapo ndipo pana la kushangaza: hazivunjani. Kila moja hupita ndani ya mwenziwe na kuendelea na safari yake kana kwamba hakuna aliyemgusa. Fundi wa nakshi huanza kazi yake kwa bikari, akachora duara, akazipandanisha, na katika makutano yake akapata nyota na pembe sita. Dimbwi la Mbagala hufanya kazi hiyo maelfu ya mara kwa dakika, bila fundi tunayemwona, na halihifadhi hata moja.

Matone yenyewe hayana umbo la chozi kama watoto wanavyoyachora. Tone dogo ni mviringo kamili; likikua, hewa hulisukuma kutoka chini likawa bapa upande huo; na likizidi kiasi cha milimita tano au sita hupasuka likawa mengi. Tone kubwa hufika ardhini kwa mwendo wa karibu mita 9 kwa sekunde. Lau lingeanguka bila kuzuiwa na hewa kutoka kimo kile cha mawingu, kila mvua ingekuwa adhabu.

Katika madimbwi hayohayo huelea utando wa mafuta ya magari, nao hutoa rangi za upinde wa mvua, zambarau ikifuatwa na kijani na dhahabu. Rangi hizo hutokana na wembamba wa utando: nuru iliyorudishwa na uso wa juu hukutana na nuru iliyorudishwa na uso wa chini, zikasaidiana au zikafutana. Ni uchafu, na ni mzuri. Tumeona tuliandike hilo wazi, kwa kuwa katika mtaa kama wetu mambo hayo mawili mara nyingi huishi mahali pamoja.

Ama upinde wenyewe, huonekana jioni mvua ikianza kukatika, jua likiwa magharibi na wingu likiwa bado limetanda upande wa Kijichi. Vijana wetu wanaosoma sayansi wajue kwamba aliyeufafanua vizuri alikuwa Muislamu. Kamal al-Din al-Farisi, aliyefariki karibu mwaka 1319, alifuata njia ya Ibn al-Haytham, mwandishi wa Kitab al-Manazir aliyemtangulia kwa karne tatu. Alichukua tufe la kioo, akalijaza maji, akalifanya kuwa mfano wa tone moja la mvua, kisha akaichunguza nuru inayoliingia. Akabaini kwamba nuru hupinda inapoingia, hurudishwa na ukuta wa ndani, kisha hupinda tena inapotoka. Katika miaka ileile mwanachuoni mmoja wa Ujerumani, Theodoric wa Freiberg, alifikia maelezo yanayofanana na hayo bila ya wawili hao kujuana. Elimu hiyo yote ilianza kwa mtu kukubali kulitazama tone kwa makini.

Sauti ya bati na hofu ya radi

Misikiti yetu mingi huku imeezekwa bati. Mvua kubwa ikianguka wakati wa Isha, sauti ya imamu hufika safu ya pili, pengine ya tatu, kisha humezwa. Umeme ukikatika na kipaza sauti kikanyamaza, mmoja wa maamuma husimama kuwa mubaligh, akazirudia takbira kwa sauti ili walio nyuma wazisikie. Hapo jamaa nzima huenda kwa takbira inayopokezanwa ndani ya kishindo cha maji. Wengi wetu tumekiri kwamba khushui ya swala hizo haipatikani kwa urahisi katika usiku mkavu wenye vipaza sauti vizima.

Lakini radi ina habari nyingine Mbagala. Tarehe 29 Aprili 2009, masika yakiwa katikati, ghala la silaha katika kambi ya jeshi hapa kwetu lililipuka. Watu zaidi ya 20 walifariki, nyumba nyingi zikabomoka, na familia zilikimbia bila kujua ziendako. Watoto wa mwaka ule sasa ni vijana, na wapo miongoni mwao ambao mpaka leo radi ikipiga hunyanyuka kabla ya kujua wamenyanyuka kwa nini. Qur'an, katika Suratur-Ra'd, imeutaja umeme wa mawinguni kuwa ni jambo la hofu na la matumaini kwa pamoja. Wafasiri wengi walieleza kuwa msafiri huuogopa na mkulima huutumaini. Mtu wa Mbagala amekusanya yote mawili katika kifua kimoja.

Lugha ya Kiarabu nayo imeigawa mvua kwa majina. Wanavyuoni wa zamani waliitungia vitabu vizima: Abu Zayd al-Ansari ana kitabu cha mvua, na Ibn Durayd ana kitabu cha sifa za mvua na mawingu. Wanafunzi wa vyuo vyetu hufundishwa kwamba ndani ya Qur'an neno ghaith huja kwa mvua ya kuokoa, na neno matar mara nyingi huja pale panapotajwa adhabu au maudhi. Maji ni yaleyale, ila hali ya aliyenyeshewa si moja.

Fiqhi ya tope

Sheria yetu haikuifumbia macho njia yenye tope. Siku ya mvua na matope, Ibn Abbas (r.a) alimwamuru muadhini awatangazie watu waswali majumbani mwao, na watu walipoona ajabu aliwaeleza kuwa aliye bora kuliko yeye, yaani Mtume (s.a.w), alifanya hivyo. Madhehebu ya Imamu Shafi, ambayo ndiyo ya wengi wa pwani, yameruhusu kwa wanaoswali jamaa msikitini, wanaotoka mbali na kuudhiwa na mvua njiani, kuzikusanya Magharibi na Isha, au Adhuhuri na Alasiri, katika wakati wa ile ya mwanzo, kwa masharti yake yanayojulikana.

Na kuna mas'ala ambayo kila mkazi wa Mbagala angependa kuyasikia. Imamu Nawawi katika Minhaj ametaja kwamba tope la njiani, hata ikiwa yakini kuwa limechanganyika na najisi, husamehewa kwa kiasi ambacho ni vigumu kukiepuka. Na kiasi hicho hutofautiana kwa wakati, na kwa mahali tope liliporukia katika nguo na mwili. Kinachosamehewa wakati wa mvua hakisamehewi wakati wa kiangazi, na kinachosamehewa kwenye pindo hakisamehewi kwenye mkono wa nguo. Tunaona rehema kubwa katika hukumu hiyo. Mama aliyenyanyua pindo la baibui na kuvuka juu ya mawe na matairi ili awahi darsa, mzee aliyefika msikitini na kanzu yenye madoa hadi magotini, mtoto aliyeficha juzuu kifuani chini ya kanzu ili yeye alowe na herufi zisilowe: wote hao sheria imewaona, na haikuwarudisha nyumbani.

Maji yalipoingia ndani

Sasa tulifikie lile swali. Ustadhi wa madrasa yetu alikuwa na desturi ya kuwasimamisha watoto barazani mvua inaponyesha, akawaambia watazame duara, wahesabu rangi, kisha wamtaje Muumba. Masika ya mwaka jana, usiku mmoja baada ya Isha, mtaro ulio ubavuni mwa msikiti ulizidiwa. Umejaa mchanga na taka. Mifuko ya plastiki ya kubebea bidhaa imepigwa marufuku nchini tangu tarehe 1 Juni 2019, lakini chupa, vifungashio na matambara bado hufika mtaroni. Maji yalipanda, yakateremka kwenye nyumba zilizo bondeni. Kaya kadhaa zilihamia kwetu. Wanaume walilala msikitini, akina mama na watoto tukawapa vyumba vya madrasa. Miongoni mwao alikuwamo mama mmoja muuza vitumbua, ambaye mchele na sukari ya mtaji wake vililowa vyote.

Kikao cha kamati kilichofuata kilikuwa kizito. Mzee wetu mmoja, mwashi wa miaka mingi, alimwambia ustadhi mbele ya wote: "Ustadhi, mvua ni nzuri kwa aliye juu ya mtaro. Aliye chini yake mletee koleo." Ustadhi alijibu kwa adabu kwamba yeye hakuwafundisha watoto kusahau, bali kuona; na kwamba asiyezoeshwa kulitazama dimbwi hataliona pia linapoelekea mlangoni kwa jirani. Hakuna aliyemshinda mwenziwe usiku huo.

Mzee alikuwa na ushahidi mwingi upande wake. Mafuriko ya Desemba 2011 yaliua watu zaidi ya 40 katika jiji letu, na mwezi Aprili 2024 Waziri Mkuu alilieleza Bunge kwamba watu 155 walikuwa wamefariki nchini kutokana na mvua za msimu ule. Mbele ya idadi hizo, mtu anayeusifu mng'ao wa lami anapaswa kuona haya kidogo.

Lakini ustadhi naye alikuwa na shahidi mmoja. Asubuhi ile ya kuamkia vyumba vya madrasa, mvua ilikatika na watoto wa kaya zilizohama wakatoka uani, wakaanza kushangilia duara za matone yaliyokuwa yakidondoka kutoka kwenye bati. Mmoja wetu alitaka kuwanyamazisha kwa kuchelea kumuudhi yule mama muuza vitumbua, aliyekuwa anaanika magunia yake. Mama akakataa. "Waacheni, wanangu," alisema. "Maji yamechukua mchele wangu, yasichukue na macho ya watoto."

Rangi ya mihrabu

Wakati huo kamati ilikuwa na fedha. Waumini walichanga kwa miezi mingi ili mihrabu ipakwe rangi na kutiwa nakshi. Baadhi ya wajumbe walitaka fedha hizo zielekezwe mtaroni mara moja. Hapo ilitulazimu kusimama, kwa sababu sadaka iliyotolewa kwa jambo maalumu ni amana, na kamati haina mamlaka ya kuigeuza kwa kuwa imeona jambo jingine lina haja zaidi. Tulisimama baada ya swala ya Ijumaa, tukalieleza jambo lilivyo, tukamwomba kila aliyechangia aseme. Wengi waliridhia fedha yao iende mtaroni. Wachache walitaka ibaki kwenye mihrabu kama walivyonuia, na hatukuwalaumu. Sehemu yao imeandikwa na imehifadhiwa. Mama muuza vitumbua, ambaye naye aliwahi kutoa shilingi elfu mbili, alikuwa miongoni mwa wachache hao.

Masika haya mtaro umezibuliwa, umejengewa kwa mawe na kufunikwa kwa mabamba ya zege hadi unapokutana na mtaro mkubwa. Paa limewekewa mifereji inayoingiza maji katika tangi la lita 5,000. Hesabu yake kila familia inaweza kuifanya: milimita moja ya mvua juu ya mita moja ya mraba ni lita moja. Paa la mita za mraba 100 likinyeshewa milimita 10 hutoa lita 1,000. Mtume (s.a.w) alikuwa akitawadha kwa kiasi cha mudd moja, ambayo haifiki lita moja. Kwa mvua ya jioni moja tu, na hata tukitoa kinachomwagika njiani, bado hubakia maji ya kuwatawadhisha watu mia kadhaa. Maji ambayo zamani yalikuwa yakienda kugonga mlango wa jirani.

Mihrabu bado haina nakshi. Ila asubuhi baada ya mvua, jua likipenya madirisha ya mashariki na kugonga maji yaliyotuama uani, mng'ao wake hupanda darini ukawa unatikisika kama wavu mwembamba wa nuru. Watoto wa madrasa huutazama. Mzee mwashi naye huutazama, kisha huchukua koleo na kwenda kukagua mtaro.

Dua mbili

Tumefundishwa kwamba mvua iliponyesha Mtume (s.a.w) aliondoa sehemu ya nguo yake ili maji yauguse mwili wake, akaeleza kwamba mvua hiyo ndiyo kwanza inatoka kwa Mola wake. Hiyo ni ruhusa tosha kwa anayetaka kutoka barazani na kuifurahia. Tumefundishwa pia kuomba, mvua inaponyesha, kwamba iwe yenye manufaa.

Na imepokewa kutoka kwa Anas (r.a) kwamba bedui aliingia msikitini Ijumaa, Mtume (s.a.w) akiwa anahutubu, akalalamika ukame. Mtume akainua mikono, na wingu likachomoza nyuma ya mlima Sal', ikanyesha wiki nzima. Ijumaa iliyofuata mtu akaja kulalamika kwamba mali zinaangamia na njia zimekatika. Tuzingatie alivyoomba mara ya pili. Hakuomba mvua ifutwe. Aliomba iwe pembezoni mwao isiwe juu yao, iende vilimani, mabondeni na kwenye mizizi ya miti. Aliomba rehema ile ibaki rehema, ila ipelekwe mahali inapofaa.

Dua hiyo ndiyo iliyotupatanisha. Mtaro ni njia ya kuitekeleza kwa mikono, maana kazi yake ni kuyahamisha maji kutoka juu ya watu na kuyapeleka pembezoni mwao. Na kuondoa udhia njiani, kama tulivyofundishwa, ni tawi miongoni mwa matawi ya imani. Chupa moja iliyookotwa kabla haijafika kwenye kalavati imo ndani yake.

Kwa hiyo tunaziusia familia zetu mambo mawili, na lisitangulizwe moja kwa kulisahau jingine. Mvua ya kwanza itakapokatika, wazazi watoke na watoto wao hadi kando ya barabara, mahali pa salama mbali na magari na nyaya za umeme, wawaonyeshe nyuzi za nuru juu ya lami na duara ndani ya dimbwi, wamtaje Aliyeziumba. Kisha wapite mtaroni kabla ya kurudi ndani, watazame kama maji yanapita, na wabishe hodi kwa jirani aliye bondeni wamuulize amelalaje.

Ee Allah, ijaalie mvua hii iwe yenye manufaa, utuonyeshe uzuri wake, na usitufanye tukaupata uzuri huo kwa gharama ya jirani zetu. Aamin. Wabillahi tawfiq.